Faten Hamama: Bibi wa filamu za Misri na ile kesi iliyomtoa shangazi yangu kifungoni

Nilikuwa na umri wa miaka minane hivi, bado mtoto wa kuruhusiwa kukaa na wanawake, siku jamaa yetu aliporudi kutoka Jeddah na sanduku la kanda za video. Nyingi zilikuwa za Kimisri. Jioni hiyo ukumbi wa nyumba ya babu ulijaa mabuibui. Mwalimu wetu wa chuoni, bibi wa Kihadhrami aliyekijua Kiarabu barabara, alikaa mbele akitafsiri. Sisi watoto tuliambiwa atakayepiga kelele atatolewa nje.

Filamu ilimhusu mwanamke anayekwenda mahakamani kudai talaka. Anakwenda, anarudi, anakwenda tena. Mwisho anashindwa. Kanda ilipokwisha hakuna aliyenyanyuka, na nakumbuka hata chai ilipoa.

Shangazi yangu alikuwa pale. Ulikuwa mwaka wake wa tatu tangu arudi nyumbani kwa babu. Mumewe hakumpa talaka wala hakumpa matumizi. Wazee walikwenda mara kadhaa kusema naye, na jibu likawa ni moja: "Simwachi, na nione atakwenda wapi." Nyumbani naye aliambiwa asubiri, kwani subira huvuta heri.

Mwalimu ndiye aliyevunja kimya. Alisema: "Huyu kwa dini yetu ana njia. Ni hao serikali yao walioibana." Shangazi akageuka akamuuliza: "Njia gani, mwalimu?"

Nitarudi kwa shangazi. Kwanza niwaeleze huyo mwanamke wa kwenye kanda, maana vijana wetu wa leo wanawajua waigizaji wa Uturuki na wa Korea kwa majina yao yote, lakini ukiwatajia Faten Hamama wanakutumbulia macho. Bibi zao walimjua. Nana yangu alinihadithia kwamba siku za maonyesho ya wanawake peke yao, filamu za Kimisri zilikuwa zikishindana na za Kihindi, na watu walitoka sinema macho mekundu.

Mtoto aliyedhani anapigiwa makofi

Faten Hamama alizaliwa Misri tarehe 27 Mei 1931. Mji wa Mansoura, ulioko kaskazini kwenye delta ya mto Nile, ndio unaotajwa sana kuwa kwao. Baba yake alikuwa mtumishi wa serikali katika mambo ya elimu. Kuna kisa alichopenda kukisimulia mwenyewe: alipokuwa na miaka sita hivi, baba yake alimpeleka sinema kutazama filamu ya Assia Dagher, nyota wa wakati huo. Watu walipopiga makofi mwishoni, mtoto alimnong'oneza baba yake kwamba anahisi makofi yale ni yake.

Baadaye alishinda shindano la watoto, na baba yake akaipeleka picha yake kwa mwongozaji Mohammed Karim, aliyekuwa akitafuta mtoto wa kuigiza pamoja na mwimbaji Mohammed Abdel Wahab. Filamu hiyo, Yawm Sa'id, maana yake Siku Njema, ilitoka mwaka 1940. Binti hakuwa hata na miaka tisa. Mwaka 1944 Karim alimrudisha katika Rasasa fil-Qalb, na mwaka 1946 Youssef Wahbi, mkubwa wa jukwaa la Misri, akampa nafasi katika Malak al-Rahma. Tangu hapo hakushuka.

Tukumbuke Cairo ya wakati huo ilikuwa nini kwetu. Mizizi ya taarabu yetu imepita Cairo. Ilikuwa enzi ya Seyyid Barghash pale Mohamed Ibrahim alipotumwa kutoka Unguja kwenda kujifunza muziki Misri. Sauti ya Umm Kulthum ilisikika kwenye santuri na redio za mabarazani kutoka Lamu hadi Zanzibar. Katika miaka ya 50 Radio Cairo ikaanza kutangaza kwa Kiswahili. Kwa hiyo uso wa Faten ulipotokea kwenye pazia la sinema, haukuwa uso wa mgeni.

Omar Sharif na miaka ya nyota

Mwaka 1947 aliolewa na mwongozaji Ezz El-Dine Zulficar, wakapata binti, Nadia. Alifanya kazi na waongozaji wote wenye jina. Alicheza katika Baba Amin ya mwaka 1950, filamu ya kwanza ya Youssef Chahine. Akacheza chini ya Salah Abu Seif katika Lak Yawm ya Zalim.

Mwaka 1954 Chahine alitengeneza Sira' fi al-Wadi, Mapambano Bondeni, hadithi ya wakulima wa miwa na tajiri dhalimu. Alimleta kijana asiyejulikana, Michel Shalhoub, Mkristo wa Alexandria mwenye asili ya Sham. Kijana huyo alisilimu, akamwoa Faten mwaka 1955, na dunia ikamjua kwa jina la Omar Sharif. Mtoto wao, Tarek, alizaliwa mwaka 1957.

Wengi wakimtaja Faten humtaja kama mke wa Omar Sharif. Ukweli ni kinyume. Wakati ule yeye ndiye aliyekuwa nyota, na Omar alipata mlango kwa kusimama kando yake. Hata walipotengana, Omar akaenda zake Hollywood na Ulaya na yeye akabaki na kazi yake, hawakusikika wakivunjiana heshima hadharani. Talaka yao ilikuja mwaka 1974. Mwaka uliofuata aliolewa na daktari, akaishi naye hadi mwisho wa uhai wake.

Wanawake aliowachukua kwenye kioo

Mwanzoni alipewa yale yale: binti yatima, binti mnyonge, binti anayelia. Misri nzima ililia naye. Lakini kuanzia mwisho wa miaka ya 50 alianza kuchagua, na uchaguzi wake ndio uliomtenga na wenzake.

Mwaka 1959 alicheza Du'a al-Karawan, iliyotokana na riwaya ya Taha Hussein, yule mwanachuoni kipofu. Mwongozaji alikuwa Henry Barakat. Faten ni Amna, binti wa mashamba, ambaye dada yake, Hanadi, anachezewa na mhandisi aliyemwajiri kazi za nyumbani. Hanadi anauawa na mjomba wao kwa jina la kuosha aibu. Mhandisi haguswi. Amna anaingia nyumbani kwa mhandisi huyo kama mtumishi ili alipe kisasi, na moyo wake unamsaliti. Filamu hiyo ilipelekwa tamasha la Berlin mwaka 1960. Swali lake liko wazi: kwa nini aibu ya watu wawili huchinjwa shingoni mwa mmoja?

Mwaka 1963 ikaja Al-Bab al-Maftuh, Mlango Ulio Wazi, kutoka riwaya ya Latifa al-Zayyat. Ni hadithi ya Layla, binti wa nyumba ya heshima ambaye kila hatua yake inapimwa na baba, na anayejitafuta wakati nchi yake nayo inatafuta uhuru, hadi vita vya Suez vya mwaka 1956.

Mwaka 1965 akacheza Al-Haram, ya Barakat tena, kutoka riwaya ya Yusuf Idris. Kwangu mimi hii ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote. Anaitwa Aziza, kibarua wa mashambani. Mumewe mgonjwa anatamani kiazi kitamu. Aziza anakwenda kuchimba shambani mwa watu, na huko anadhulumiwa na mwanamume. Anashika mimba, anaificha huku akiendelea na kibarua kwenye jua kali, anajifungua peke yake chini ya mti, na mtoto anakufa mikononi mwake akimziba asilie. Kisha homa inamuua naye. Filamu ilishindanishwa Cannes mwaka huo huo. Ukiitazama unamsahau kabisa Faten mwenye gauni la hariri. Unamwona mwanamke aliyefunga kilemba, miguu ina tope, anayefanana na vibarua unaowaona kwenye mashamba yetu.

Kuondoka na kurudi

Mwaka 1966 aliihama Misri. Kwa maelezo yake mwenyewe, watu wa usalama walikuwa wakimsumbua wakitaka ashirikiane nao, naye alikataa. Aliishi baina ya Lebanon na London. Inasimuliwa kwamba Rais Gamal Abdel Nasser alimwita hazina ya taifa na kuwataka waandishi wamshawishi arudi. Hakurudi hadi mwaka 1971, Nasser akiwa ameshafariki.

Kurudi kwake hakukuwa kwa kinyonge. Mwaka 1972 alicheza Imbratoriyat Mim, mama mjane mwenye watoto sita wanaodai uchaguzi ndani ya nyumba: nani atawale, mama au kura? Mwaka 1977 akacheza Afwah wa Aranib, inayohusu nyumba yenye watoto wengi kuliko chakula. Kati ya hizo mbili ndiyo ikaja ile kanda ya kutoka Jeddah.

Uridu Hallan: Nataka Ufumbuzi

Uridu Hallan ilitoka mwaka 1975. Hadithi iliandikwa na mwandishi wa habari wa kike, Hosn Shah, na mwongozaji ni Said Marzouq. Faten ni Durriya, mwanamke msomi aliyeishi na mumewe karibu miaka 20. Mume, aliyechezwa na Rushdy Abaza, ni mwanadiplomasia, ana cheo na ana pesa. Durriya anaomba talaka kwa heshima. Mume anakataa. Anakwenda mahakamani, na hapo ndipo filamu inapoanza hasa.

Hakuna ngumi wala bastola. Kuna korido za mahakama, mafaili, tarehe zinazosogezwa mbele, na mashahidi wa uongo. Kuna mabenchi yaliyojaa wanawake, kila mmoja na yake. Mmoja wao ni bibi mzee, Amina Rizk, aliyeachwa uzeeni baada ya miaka mingi ya ndoa na hana pa kula wala pa kulala. Mwisho Durriya anashindwa kesi.

Misri ilitikisika. Mwaka 1979 Rais Anwar Sadat alitoa sheria nambari 44, watu wakaiita sheria ya Jihan, kwa jina la mkewe aliyeipigania. Iliwapa wanawake haki zaidi katika talaka na malezi. Mwaka 1985 Mahakama ya Katiba iliifuta kwa sababu ya namna ilivyopitishwa, na mwaka huo huo bunge likapitisha nyingine, nambari 100, iliyorudisha sehemu yake. Kisha mwaka 2000, kwa sheria nambari 1, mwanamke wa Misri akaruhusiwa kuomba khului mahakamani bila mume kuwa na uwezo wa kuizuia, mradi arudishe mahari na aache haki zake za kifedha. Miaka 25 tangu filamu.

Sitaki kusema filamu moja ndiyo iliyobadilisha sheria. Walikuwepo wanasheria, wanaharakati na wanazuoni waliopambana kwa miaka mingi, na walikuwepo waliopinga vikali. Lakini hata Wamisri wenyewe, wakihadithia safari ya sheria hiyo, huanzia kwenye uso wa Faten Hamama akiwa amekaa kwenye benchi la mahakama.

Miaka ya mwisho na televisheni

Alipoona sinema imeanza kujaa vurugu alipunguza kazi, lakini aliyoyafanya yalikuwa mazito. Mwaka 1988 alicheza Yawm Murr, Yawm Hulw, Siku Chungu, Siku Tamu, ya mwongozaji Khairy Beshara, akiwa mjane wa mtaa wa Shubra anayelea watoto huku madeni yamemzidi. Filamu yake ya mwisho ilikuwa Ard al-Ahlam ya mwaka 1993, ya Daoud Abdel Sayed: mama aliyekaribia kusafiri kuhamia Marekani anapoteza pasipoti usiku wa mwaka mpya, na katika kuitafuta anajiuliza kama kweli alitaka kwenda. Ndugu msomaji mwenye jamaa Ulaya au Ghuba ataielewa bila ya mkalimani.

Kwenye televisheni aliingia akiwa mtu mzima. Mwaka 1991 alikuwa mwalimu mkuu wa shule ya wasichana katika Damir Abla Hikmat, tamthilia iliyoandikwa na Osama Anwar Okasha. Mwaka 2000 akarudi katika Wajh al-Qamar. Hiyo ndiyo iliyokuwa kwaheri yake.

Kwa jumla aliacha karibu filamu 100. Wamisri walipoorodhesha filamu zao bora mwaka 1996, zake zilikuwa 18 kati ya 150. Chuo Kikuu cha Marekani kilichoko Cairo kilimpa shahada ya heshima mwaka 1999. Alifariki tarehe 17 Januari 2015, akiwa na miaka 83. Omar Sharif alimfuata mwezi Julai mwaka huo huo. Jina alilopewa na Waarabu, Sayyidat al-Shasha, Bibi wa Skrini, hajapewa mwingine baada yake.

Yanatuhusu nini sisi?

Najua watakaoniuliza: mwandishi, umekosa la kuandika hata utusifie waigizaji? Sina haja ya kubishana. Si kila alichokicheza Faten ningependa kukitazama na wanangu, na uigizaji una mipaka yake kwa mwenye kuijali dini yake. Nasema jambo moja tu. Kuna mambo tunayoyafunika kwa jina la sitara mpaka yanaoza, na hadithi iliyosimuliwa vizuri ikayafunua.

Tazama tamthilia nyingi zinazopigwa huku Pwani. Mwanamke wa Kiswahili ndani yake ni wa aina tatu: mwenye jini, mwenda kwa mganga, au mke wa pili mwenye fitina. Bahari nyuma, buibui mbele, basi. Wapi yule anayekaa miaka hajaachwa wala hajawekwa? Wapi yule anayenyimwa urithi na ndugu zake wa kiume, wanaoswali safu ya mbele? Hao tunaishi nao, lakini kwenye kioo hawamo. Vipaji tunavyo, lugha tunayo, na wasimulizi tunao kila baraza. Tunachokosa ni mtu wa kukataa nafasi ya jini na kudai nafasi ya mtu.

Na hukumu zenyewe watu wetu hawazijui. Khului ni mke kujikomboa kwa kurudisha mahari au badali yake, na asili yake ni kisa mashuhuri cha mke wa Thabit bin Qays, aliyerudisha shamba alilopewa kama mahari akaachwa, kwa amri ya Mtume, rehema na amani zimshukie. Fasakhi ni kadhi kuivunja ndoa kwa sababu zinazokubalika, mojawapo ikiwa mume kushindwa kutoa matumizi. Wanazuoni wamekhitalifiana katika baadhi ya masharti, na hayo muulizeni kadhi, msiniulize mimi. Hapa Kenya mahakama za kadhi zimetajwa kwenye Katiba, kifungu cha 170, na ndoa na talaka za Waislamu ni katika kazi zao. Mlango upo. Wasioujua ni wengi.

Shangazi hakuujua. Alikuwa amesoma Qur'ani, alikuwa na adabu zake, lakini katika miaka mitatu ya kuambiwa asubiri hakuna mzee hata mmoja aliyemwambia kwamba ana haki ya kwenda kwa kadhi mwenyewe. Alilijua siku ile, baada ya kutazama mwanamke wa Misri akishindwa.

Miezi michache baadaye alivaa buibui lake, akafuatana na mwalimu, wakaenda. Babu alinuna wiki nzima. Mume aliitwa mara ya kwanza hakuja, mara ya pili hakuja, mara ya tatu akaja na maneno mengi. Akaulizwa matumizi ya miaka mitatu yako wapi. Maneno yakaisha. Ndoa ikavunjwa, shangazi akakaa eda, na baadaye akaolewa na mtu aliyemweka kama mtu.

Kanda ile ilikaa kwenye kabati la nana mpaka ikaota ukungu. Siku Faten alipofariki nilimpigia shangazi simu kumpa habari. Kwa muda hakusema kitu, kisha akaniuliza: "Yule wa mahakamani?" Nikamwambia ndiye. Akasema: "Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun. Mwanangu, yule maskini alishindwa kesi yake, lakini mimi nilishinda yangu."